Wanaovua gwanda baada ya vita: tuanzie wapi kuwatafutia kazi uraiani?

Mwana Buyenzi (Bujumbura) anauliza:

Ndugu wasomaji, salaam.

Naandika nikiwa katibu wa chama kidogo cha ushirika hapa Bujumbura. Familia kadhaa za mtaani kwetu zimetuomba tuwasaidie waume na watoto wao waliotumikia Somalia, ambao sasa wamefikia ukomo wa utumishi na wamevua gwanda. Burundi ilipeleka askari wake wa kwanza Mogadishu mwezi wa Desemba 2007 chini ya Umoja wa Afrika, na vikosi vyake viliendelea kupokezana huko hadi ujumbe wa ATMIS ulipofungwa mwishoni mwa 2024. Kwa hiyo tunazungumzia watu ambao sehemu kubwa ya ujana wao imepita katika sare, na baadhi yao walianzia msituni wakati wa vita vyetu wenyewe, kabla ya majeshi kuunganishwa.

Wengi wao hawakumaliza shule. Hata hivyo, ukikaa nao na kuwauliza kwa utulivu walikuwa wakifanya nini kila siku, unagundua kwamba bunduki ilikuwa sehemu ndogo ya kazi yao. Mmoja alitunza jenereta za kambi nzima, akibadilisha vichujio vilivyoziba kwa mchanga. Mwingine aliendesha lori la maji katika barabara zilizotegwa mabomu. Wa tatu alikuwa msaidizi wa daktari wa kikosi, na ni yeye aliyekuwa akizuia damu isiendelee kumwagika kabla ya majeruhi kupelekwa hospitalini. Mtu huyo leo anashinda kwenye kibaraza cha shemeji yake, akingoja apigiwe simu kwenda kubeba matofali.

Kamati yetu inapendekeza semina ya ujasiriamali ya wiki mbili, na baada ya hapo kila mmoja apewe mtaji wa bidhaa ili afungue biashara. Mimi ndiye niliyepewa jukumu la kuandika mpango huo, na kusema kweli kalamu yangu inasita, kwa sababu sioni jinsi semina hiyo itakavyomfikisha yule wa jenereta kwenye jenereta. Naomba kusikia kutoka kwa waliowahi kusimamia kazi ya namna hii, au wanaoifahamu historia yake, hapa kwetu na kwingineko: ni kitu gani hasa kilichompatia askari kazi ya kudumu, na kipi kilichoishia kwenye hotuba na picha? Aidha, mtu mwenye ufundi wa miaka mingi lakini asiye na cheti anaanzaje kumshawishi mwajiri ambaye, anaposikia neno “askari”, kitu cha kwanza anachowaza ni fujo?

Dada wa Rumonge anajibu:

Ndugu Katibu, nakushukuru kwa kuuliza kabla fedha hazijatumika.

Nilikuwa mhudumu wa jamii katika miaka ile baada ya Mkataba wa amani wa Arusha wa Agosti 2000, wakati zoezi la kuwarudisha wapiganaji uraiani lilipoanza rasmi mwishoni mwa 2004. Zaidi ya watu 20,000 walipitia zoezi hilo, wakiwemo askari wa jeshi la zamani na wapiganaji wa makundi mbalimbali. Kila mmoja alipewa kwanza fedha za kuanzia maisha, zilizokokotolewa kwa mshahara wa miezi 18 kulingana na cheo na kulipwa kwa awamu, na kiwango cha chini kilikuwa faranga 566,000. Fedha hizo, pamoja na kasoro zote zilizojitokeza, zilisaidia kweli. Watu walinunua mashamba madogo, wakaezeka nyumba, wakaoa, wakalipa madeni, na jambo ambalo wataalamu hawakulipa uzito wa kutosha ni kwamba walirudi nyumbani wakiwa na kitu mkononi, wakapokewa kama watu.

Tatizo lilikuja katika hatua ya pili, ambayo ndiyo inayofanana na mpango wa kamati yenu. Mtu aliweza kuchagua kurudi kwenye kazi yake ya zamani, kurudi shule, kujifunza ufundi, kusaidiwa katika biashara aliyokwisha kuianza, au kupewa bidhaa za kuanzisha shughuli ya kuingiza kipato. Karibu wote walichagua bidhaa. Baadhi ya wafadhili walisema wapiganaji hawapendi kujifunza, lakini mimi niliyewasikiliza mmoja mmoja nakwambia hesabu yao ilikuwa sahihi kabisa. Mafunzo ya useremala yalichukua miezi, katika miezi hiyo hakuna aliyewalisha watoto wao, na mwishoni mwa mafunzo hapakuwa na karakana iliyokuwa ikiwasubiri. Mchele unauzika leo.

Kwa hiyo ikawa mchele, maharagwe, mafuta ya mawese na kreti za vinywaji, katika tarafa moja, kwa watu wengi, katika wiki ileile. Nakumbuka siku moja ya ugawaji ambapo wafanyabiashara walifika na baiskeli zao tangu alfajiri, wakajipanga nje ya uzio wa ghala. Mtu alitoka na magunia yake, akapiga hatua chache, akayauza kwa bei ya chini kuliko ile iliyoandikwa kwenye karatasi aliyokuwa ametoka kuitia saini. Mzabuni alipata faida, mnunuzi akapata faida, na ripoti ikasema mtu huyo amesaidiwa kuanzisha biashara.

Ushauri wangu ni kwamba msimpe mtu bidhaa kabla ya kujua ana madeni kiasi gani na mke wake anasema nini kuhusu biashara hiyo, na kama mtawapeleka mafunzoni, tengeni kwanza fedha ya chakula cha familia kwa muda wote wa mafunzo. Mkishindwa kulipia chakula, punguzeni idadi ya watu na msipunguze chakula.

Mwalimu wa Historia (Machakos) anajibu:

Nimesoma swali hili kwa hisia, kwa kuwa eneo ninaloishi lilitoa askari wengi kwa majeshi ya Mwingereza, na jambo analolieleza Ndugu Katibu kuhusu fundi wa jenereta ndilo lililowapata babu zetu waliokuwa keya, yaani askari wa King's African Rifles.

Katika Vita Kuu ya Pili, zaidi ya watu 300,000 kutoka Kenya, Uganda, Tanganyika na Nyasaland (Malawi ya leo) walitumikia jeshi. Tunapowakumbuka huwa tunataja Abisinia (Ethiopia ya leo), Madagaska na Burma, na tunasahau kwamba sehemu kubwa yao hawakuwa wapiganaji wa mstari wa mbele. Walikuwa madereva, mafundi wa magari, wapiga simu, wahudumu wa hospitali, makarani, wapishi, wajenzi wa barabara na madaraja. Jeshi liliwafundisha pia kusoma na kuandika, kwa sababu askari asiyeweza kusoma amri au kuandika ujumbe alikuwa mzigo. Walikuwa na magazeti yao kwa Kiswahili, na ndani yake walisoma ahadi nyingi kuhusu maisha yatakayokuja baada ya ushindi.

Waliporudi kati ya 1945 na 1947, serikali ya kikoloni ilikuwa na mpango, na si haki kusema haikuufikiria. Shule ya Jeanes pale Kabete, ambayo leo ni Chuo cha Serikali cha Kenya, ilitumika kuwaandaa wanajeshi kwa maisha ya kiraia, na vituo vya ufundi vilipokea baadhi yao. Lakini mpango ule ulijengwa juu ya dhana kwamba Mwafrika atarudi kwenye shamba lake katika eneo lililotengewa Waafrika au kwenye kibarua cha mzungu, kama alivyokuwa kabla ya vita, wakati yule askari mwenyewe alikuwa amekwisha kuendesha lori kutoka Nairobi hadi Abisinia na hakuona kwa nini arudi kushika jembe la mtu mwingine. Kuhusu madereva, jeshi lilikuwa limefundisha wengi mno kuliko magari yaliyokuwepo uraiani, kwa hiyo hata wenye ujuzi usiotiliwa shaka walikaa bila usukani.

Wengi walijaribu biashara. Waliunganisha fedha zao za kuagwa jeshini, wakafungua maduka, wakanunua malori makuukuu yaliyokuwa mali ya jeshi, wakaanzisha kampuni za mabasi. Hapo wakakutana na ukuta: leseni ya biashara ilitolewa kwa idhini ya mkuu wa wilaya, bidhaa zilikuwa bado zinagawanywa kwa mgao, na maduka ya jumla yalikuwa mikononi mwa watu waliokuwa na mtaji na mikopo tangu kabla ya vita. Maduka mengi yakafungwa. Wakati huohuo wanajeshi wa kizungu walikuwa wakipewa ardhi katika nyanda za juu, kama walivyopewa baada ya Vita Kuu ya Kwanza katika mpango wa 1919, ambapo hata sehemu ya ardhi ya Wanandi ilikatwa kwa ajili yao. Askari mweusi aliyelala katika handaki moja na mzungu huyo alirudi kwenye kipande, ile hati aliyotakiwa kuibeba kila aendako, ambayo mwajiri aliandika ndani yake mshahara na tarehe za kazi. Ujuzi wa miaka minne ukawa hauna mahali pa kuandikwa pakaheshimiwa.

Mnafahamu kilichofuata. Waruhiu Itote alipigana Burma, akarudi akawa mchochea moto wa garimoshi katika reli, kisha akaingia msituni akajulikana kama Jenerali China. Bildad Kaggia, aliyekuwa jeshini Mashariki ya Kati na Uingereza, akawa kiongozi wa vyama vya wafanyakazi Nairobi. Sisemi kwamba ukosefu wa kazi peke yake ulileta vita vya Mau Mau, kwa maana suala la ardhi lilikuwa kubwa kuliko yote. Nasema kwamba watu hawa walirudi wakiwa wamejifunza kupanga, kuongoza na kutunza vyombo, na nchi haikuwa na nafasi moja ambapo mambo hayo yalihesabiwa. Jambo linalonigusa ni kwamba mwaka 1964, Kenya huru ilipounda Huduma ya Vijana kwa Taifa, NYS, Itote huyohuyo aliwekwa miongoni mwa viongozi wake, akishughulika na kuwapa vijana nidhamu na ufundi.

Kwa hiyo, Ndugu Katibu, kabla ya kuwaandikia semina, hesabuni kwanza kazi zilizopo mjini kwenu, moja moja, kwa jina la karakana na jina la mwenye karakana. Serikali ya mkoloni ilihesabu askari kwa uangalifu mkubwa, lakini haikuzihesabu kazi.

Mwana Luwero (Uganda) anajibu:

Nawaheshimu wote waliotangulia, lakini naona tunaelekea kusahau kwamba mtu anaishi mahali kabla ya kufanya kazi.

Mimi niliachishwa jeshi katika upunguzaji wa 1992 hadi 1995, wakati NRA, jeshi la Uganda la wakati huo, ilipopunguza askari wapatao 36,000 kwa awamu tatu, na Bodi ya Kuwasaidia Maveterani ilisimamia kurudi kwetu. Tulisafirishwa hadi wilaya tulizozichagua wenyewe pamoja na familia zetu. Tulipewa mabati ya kuezekea, mbegu na majembe, ada za shule za watoto zililipwa kwa muda, na fedha ziliingizwa kwa awamu benki katika wilaya tulikokwenda, si mjini Kampala. Utaratibu huo wa benki uliwakera wengi mwanzoni, lakini uliwalazimisha watu wafike nyumbani na wabaki huko.

Tofauti kubwa niliyoiona kati yetu haikuwa elimu wala cheo. Ilikuwa ardhi. Aliyekuwa na baba au kaka aliyemkatia eneo la kulima alitulia haraka, hata kama mshahara ulichelewa, kwa maana alikula. Aliyerudi akakuta shamba la marehemu baba yake limegawanywa, au aliyeoa mbali na kwao na mke wake akakataliwa na ukoo, huyo ndiye aliyerudi kuzurura mjini, na ndiye ambaye polisi walimfuata kila palipotokea wizi. Waliofanya utafiti juu yetu katika miaka hiyo nao walieleza kwamba hofu ya uhalifu iliwahusu hasa wale wasio na ardhi.

Najua Burundi ni nchi yenye watu wengi na mashamba madogo kuliko kwetu, na sisemi kwamba chama cha ushirika kinaweza kugawa ardhi. Nasema tu kwamba katika orodha yenu, mbele ya jina la kila mtu, iandikwe analala wapi, anakula kutoka wapi, na kama ana kesi ya shamba. Fundi mwenye kesi ya shamba atakuwa mahakamani kila siku ambayo mwajiri anamhitaji.

Mzaliwa wa Uvira (Ohio, Marekani) anajibu:

Naongeza mfano mmoja wa huku, kwa sababu husifiwa sana na sehemu yake moja haisimuliwi. Tarehe 22 Juni 1944 Rais Franklin D. Roosevelt alitia saini sheria ya kuwasaidia wanajeshi waliokuwa wakirudi kutoka vitani. Asiye na kazi aliweza kupata dola 20 kwa wiki hadi wiki 52, aliyetaka kujenga alidhaminiwa mkopo, na aliyetaka kusoma alilipiwa ada pamoja na posho ya kuishi. Watu wapatao milioni 7.8 walitumia haki ya masomo na mafunzo, na wengi wao hawakwenda vyuo vikuu bali walijifunza ufundi na kilimo. Angalieni kwamba posho ya kuishi ilikuwa ndani ya sheria tangu mwanzo, jambo ambalo Dada wa Rumonge amelisema kwa uchungu.

Lakini utekelezaji uliachwa mikononi mwa ofisi za mahali. Katika jimbo la Mississippi, kufikia Oktoba 1946, ofisi za ajira zilikuwa zimewapa wazungu asilimia 86 ya kazi zenye ujuzi, huku asilimia 92 ya kazi zisizo na ujuzi zikipewa watu weusi. Wanajeshi hao weusi walikuwa wameendesha malori ya jeshi Ulaya na kutengeneza injini chini ya mabomu. Walifika dirishani, karani akasoma sheria ileile iliyosomwa kwa mzungu, kisha akawaelekeza kwenye ufagio.

Nayaleta haya kwenu kwa kuwa Burundi ina makovu yake ya ukabila, na miongoni mwa askari wenu wapo waliopigana upande huu na waliopigana upande ule. Chagueni kwa uangalifu mkubwa watu watakaokaa mezani kuandika majina na kuwaelekeza wenzao kwa waajiri. Wasiwe wa upande mmoja, na orodha ya nani kapelekwa wapi ibandikwe ukutani ambapo kila mtu ataiona.

Afisa Usafirishaji (Dar es Salaam) anajibu:

Shikamooni wakubwa. Mimi nipo upande wa pili wa meza, kwa sababu huajiri madereva na mafundi katika kampuni ya malori yanayopeleka mizigo Bujumbura, Kigali na Lubumbashi, na nimeajiri watu kadhaa waliotoka jeshini. Naomba nijibu sehemu ya swali inayohusu mwajiri.

Mwajiri haogopi askari kwa sababu ni askari. Anaogopa kwa sababu karatasi aliyoletewa haimwelezi chochote. Nimepokea barua zinazosema mtu alikuwa sajenti, alitumikia kwa uaminifu na ana nidhamu. Mimi nina lori lenye shehena ya mtu na njia ya milima, kwa hiyo nataka kujua ameendesha gari la tani ngapi, kwa muda gani, barabara za namna gani, amepata ajali mara ngapi, na kama anajua kujaza kitabu cha safari. Sajenti wa ugavi, akieleza kwamba alisimamia ghala la mafuta, vipuri na chakula cha mamia ya watu, akapokea na kutoa kwa maandishi na akakabidhi hesabu kila mwezi, huyo ni mtunza ghala, nami namhitaji. Kaeni na kila mtu, mumwandikie karatasi ya ukurasa mmoja inayoeleza kazi na kuacha vyeo. Kisha mumtafute afisa aliyekuwa msimamizi wake, hata kama amestaafu, athibitishe kwa saini yake. Fanyeni hivyo mapema, kwa kuwa maafisa huhamishwa na wengine hufariki, na mtu akishapoteza shahidi wa kazi yake hawezi kumpata tena.

Kuhusu vyeti, hapa Tanzania VETA, mamlaka ya mafunzo ya ufundi stadi, ina utaratibu wa kuwapima mafundi waliojifunzia kazini. Mtu anafanyiwa majaribio kwa vitendo, panapopungua anapewa mafunzo ya ziada, kisha anapata cheti bila kuanzishwa upya kama mwanafunzi. Ulizeni kama upo utaratibu unaofanana nao kwenu, na kama haupo, mwombeni mwenye karakana inayoheshimiwa awapime kwa kazi halisi. Mimi nikiletewa fundi, simuulizi maswali mengi. Nampa injini iliyokorofisha asubuhi, nami narudi mchana. Anayejua huanza kwa kusikiliza na kuangalia, hupanga vifaa vyake juu ya kitambaa kwa mpangilio, na kila boliti aliyoitoa anajua ilikotoka. Askari wengi wana tabia hiyo, maana jeshini waliadhibiwa kwa kupoteza boliti, na tabia hiyo kwangu ina thamani kubwa.

Naomba pia mjihadhari na njia rahisi ya kuwapeleka wote kwenye ulinzi. Kampuni za ulinzi huwapokea haraka, na kwa mwenye njaa ni kazi ya halali inayostahili heshima. Ila mara nyingi mshahara wake ni mdogo, usiku ni mrefu, na yule msaidizi wa daktari uliyemtaja, akikaa miaka mitatu getini, atakuwa amesahau dawa. Huyo mpelekeni kwenye zahanati au Msalaba Mwekundu wiki hii, hata kwa kujitolea kwanza, ili mkono wake usipoe. Madereva na waendesha mitambo nao waandaliwe mapema kwa ajili ya reli ya Uvinza hadi Musongati ambayo nchi zetu mbili zimekubaliana kuijenga. Mkandarasi wa mradi wa namna hiyo hutafuta watu wa tingatinga, wa jenereta na wa ghala, na mara nyingi huwachukua wale ambao karatasi zao ziko tayari siku anapofika.

Mwana Buyenzi (Bujumbura):

Nawashukuru kwa moyo wote. Nitaiomba kamati iifute semina, na fedha zake zitumike kulipia chakula cha familia za watu wachache wakati wanapimwa na kufanya majaribio katika karakana. Nitaanza na orodha ya karakana, zahanati na maghala kama alivyosema Mwalimu, na kando ya kila jina nitaandika mambo aliyoyataja ndugu yetu wa Luwero. Meza ya kuandikisha itakuwa na watu wa pande zote mbili.

Limebaki jambo moja linalonisumbua. Wapo baadhi ambao hawalali. Mmoja tulimtafutia kazi kwenye gereji, tairi ikapasuka, akajitupa chini ya gari na hakurudi tena kwa aibu. Je, mwajiri aambiwe mapema, au kumwambia ni kumharibia mtu nafasi?

Dada wa Rumonge anajibu:

Muulize kwanza mwenyewe, kwa maana ni siri yake. Akikubali, usimwambie mwajiri ugonjwa, mweleze jambo la kufanya: kwamba mtu huyu akishtuka apewe muda wa kutoka nje na kunywa maji, asizungukwe na watu, asichekwe, na kwamba kuna namba ya simu ya kupiga mchana au usiku. Namba hiyo iwe ya mtu wa chama chenu aliyewahi kuwa jeshini mwenyewe, tena anayepokea simu. Wenye gereji niliowahi kuzungumza nao namna hii, karibu wote walikubali, kwa sababu walichokuwa wakikiogopa ni kuachwa peke yao na jambo wasilolielewa.

Na yule aliyekimbia kwa aibu, msimtumie ujumbe kwa simu. Waende watu wawili nyumbani kwake, mmoja wao awe mwenye gereji. Mwenye gereji akikataa kwenda, basi tafuteni gereji nyingine, lakini mtu huyo asiachwe apitishe mwezi mzima akidhani kazi ya ufundi imemshinda.

Afisa Usafirishaji (Dar es Salaam) anajibu:

Namuunga mkono Dada. Naongeza tu kwamba aanzishwe katika kazi ambayo kelele zake anazianzisha mwenyewe, kama kurekebisha breki, umeme wa gari au pampu, mbali na sehemu ya kujazia matairi. Tulimpanga hivyo fundi wetu mmoja, na leo ndiye anayewafundisha vijana wapya mfumo wa breki za upepo. Ndugu Katibu, karatasi za kazi za watu wako zikiwa tayari, niandikie hapahapa, nami nitakueleza ni zipi kati yake ninazoweza kuzipeleka kwa wasafirishaji wenzangu walio na karakana Bujumbura.